Idara zikiunganishwa, nani atangulie kwenye tange?

Mwanzisha uzi

Ndugu zangu, jambo hili nimelibeba kwa muda mrefu na sasa naliweka hapa ili tulichambue pamoja. Serikali inapounganisha idara mbili au tatu kuwa moja, watu wa nje huona jina jipya langoni na nembo mpya kwenye barua. Walio ndani huona orodha moja ya majina ambayo jana ilikuwa mbili, na kila mmoja hutafuta jina lake kabla ya kusoma kitu kingine chochote. Orodha hiyo ndiyo tange, yaani orodha ya watumishi kwa ukubwa kazini. Ndiyo inayotazamwa nafasi ya juu inapopatikana na mkuu anapotafutiwa wa kumkaimu, na kwingine ndiyo inayoamua nani aondoke kwanza watumishi wanapopunguzwa.

Niliwahi kuwa karani wa kamati iliyopewa kazi ya kuunganisha tange za idara mbili. Ofisi sitaitaja. Nakumbuka asubuhi moja tulipoweka mezani majalada mawili, moja kutoka kila idara, ya maofisa wawili wa daraja moja na mshahara ule ule. Katika jalada la kwanza, mahali palipoandikwa "tarehe ya cheo cha sasa" pamejazwa tarehe ya barua ya uteuzi. Katika jalada la pili pamejazwa tarehe ya kuthibitishwa kazini baada ya muda wa majaribio, ambayo ilikuwa mwaka mmoja na miezi miwili baadaye, na tarehe yenyewe ilikuwa imefutwa kwa wino mweupe na kuandikwa upya bila saini ya aliyesahihisha. Tulipofukua barua za ndani tukakuta kwamba maofisa hao waliteuliwa katika juma moja. Kama tungenakili kilichoandikwa kwenye ukurasa wa mbele, mmoja wao angeshuka nyuma ya watu thelathini na wawili ambao kwa haki walikuwa nyuma yake. Hakuna aliyekuwa amedanganya. Kila masijala ilifuata desturi yake, na desturi hizo mbili hazikuwahi kukutana hadi siku hiyo.

Tangu asubuhi ile nimeamini kwamba ugomvi wa ukubwa kazini huwa umeshaiva kabla tange haijabandikwa ukutani. Huiva pale watu wanapounganishwa kwanza, majina yakapangwa, na kanuni ikaja kuandikwa mwisho ili kueleza mpangilio ambao tayari upo. Kanuni inayotungwa baada ya majina kujulikana, hata ikiwa nzuri kiasi gani, kila kifungu chake kitasomwa kana kwamba kimetungwa kwa ajili ya mtu fulani. Kwa hiyo ninachokitetea katika uzi huu ni utaratibu: kanuni itangulie, majina yafuate, na kila aliyewekwa mahali aonyeshwe kwa maandishi sababu ya kuwekwa pale.

Sasa tuingie ndani. Wengi hudhani kwamba swali la kwanza ni la tarehe. Kabla ya kuuliza nani alitangulia, ni lazima kujua cheo kipi cha idara hii kinalingana na cheo kipi cha idara ile, kwa sababu majina ya vyeo hupotosha sana. "Msimamizi" wa idara moja anaweza kuwa anaongoza watu hamsini na kusaini malipo, na "msimamizi" wa idara nyingine akawa ni mtu mmoja mwenye dawati lake na daftari la kupokea barua. Mkiwaweka wawili hao kwenye mstari mmoja kwa sababu ya jina la cheo, tarehe zenu zote zitakazofuata zitakuwa zimejengwa juu ya kosa.

India ililijua jambo hili kwa uchungu. Sheria ya kupanga upya majimbo ya mwaka 1956 ilianza kutumika tarehe 1 Novemba mwaka huo, na watumishi wa majimbo ya zamani wakajikuta katika majimbo mapya, pamoja na watu waliokuwa na vyeo, mishahara na kanuni tofauti kabisa. Vigezo vya kulinganisha vyeo vilivyokubaliwa na mahakama za huko ni vinne: aina ya kazi na majukumu ya cheo, madaraka ya mwenye cheo na ukubwa wa eneo au shughuli anayoisimamia, sifa za chini zinazotakiwa ili mtu aajiriwe katika cheo hicho, na mshahara. Mtazame mahali mshahara ulipokaa. Umekaa mwisho, na mahakama zimerudia kusema kwamba vigezo vitatu vya kwanza vikitimia, tofauti ya mshahara peke yake haiondoi ulinganifu. Mtu aliyelipwa kidogo kwa sababu idara yake ilikuwa na bajeti nyembamba hapaswi kuadhibiwa mara ya pili kwa kushushwa kwenye tange. Pamoja na vigezo hivyo kuwa wazi, kesi zilizotokana na muungano wa 1956 ziliendelea kusikilizwa mpaka miaka ya 1980, wakati ambapo baadhi ya wahusika walikuwa wamekwisha kustaafu.

Vyeo vikishalinganishwa ndipo tarehe zinaingia, na hapa ni lazima kuchagua tarehe moja na kuishikilia. Zipo angalau nne zinazogombana: ya kuajiriwa serikalini, ya kuteuliwa katika cheo cha sasa, ya kuripoti, na ya kuthibitishwa. Mimi nasimama na ya uteuzi katika cheo kinacholingana, mradi uteuzi huo ulifuata taratibu za ajira. Tarehe ya kuthibitishwa siipendi, kwa sababu mara nyingi inategemea kasi ya ofisi kuliko bidii ya mtumishi: kamati isipokaa mwaka mzima, mtumishi anachelewa kuthibitishwa bila kosa lake. Mahakama ya Juu ya India ililiweka hivyo mwaka 1990 katika shauri la wahandisi, ikasema kwamba aliyeteuliwa kwa mujibu wa kanuni huhesabiwa ukubwa tangu siku ya uteuzi na si siku ya kuthibitishwa, na kwamba kushikilia nafasi kwa muda tu, nje ya kanuni, hakuhesabiwi. Hilo la mwisho linawagusa waliokaimu. Najua linauma, hasa kwa aliyekaimu miaka mitano na kufanya kazi yote ya cheo, lakini tukihesabu kukaimu, tutakuwa tumempa mkuu wa idara ya zamani uwezo wa kupanga tange ya idara mpya kwa barua ya mistari mitatu.

Jambo moja zaidi kabla sijawaachia nafasi. Mtu anaposema "mimi ni mkubwa kazini" ni vizuri aulizwe, kwa ajili ya nini? Ukubwa unaohesabiwa kwa likizo na kiinua mgongo hutokana na jumla ya miaka ya utumishi, na huo kwa kawaida hauna mgogoro, kwa kuwa nikiongezewa siku za likizo mwenzangu hapunguziwi zake. Ukubwa wa kupandishwa cheo ni wa nafasi kati ya watu, na nikisogezwa mbele hatua moja ni lazima mwenzangu asogezwe nyuma. Ukubwa wa wakati wa kupunguzwa kazi nao una hesabu yake: katika serikali kuu ya Marekani hutazamwa aina ya ajira, kipaumbele cha waliotumikia jeshi, urefu wa utumishi, na tathmini za utendaji, ambazo humwongezea mtu miaka kwenye hesabu. Idara mpya ikiandika tange moja na kuitumia kwa mambo yote matatu, tayari imeanza vibaya.

Karibuni tuchangie.

Mtumishi wa Kada Ndogo

Ndugu mwanzisha uzi, nakushukuru kwa kuliandika jambo hili kwa heshima, lakini naona umelipita haraka lile linalotuumiza sisi. Natoka katika idara iliyokuwa na watu wachache. Kwetu nafasi ya ofisa mwandamizi ilipatikana mtu alipostaafu au kufariki, basi. Nilingoja miaka tisa katika daraja moja, nikiwa na tathmini nzuri kila mwaka, wakati wenzangu niliosoma nao na kuajiriwa nao katika idara kubwa walipandishwa baada ya miaka minne kwa sababu tu muundo wao ulikuwa mpana. Tulipounganishwa, kamati ikatumia tarehe ya cheo cha sasa, ile ile unayoitetea hapa. Nilikuwa wa tatu katika tange ya idara yangu. Katika tange ya pamoja nikawa nyuma ya vijana niliowafundisha kazi walipokuja kwetu kwa mafunzo ya vitendo.

Naomba unieleze, kanuni yako ikitangulia majina na ikaandikwa kwa uzuri wote, itanisaidia nini mimi ikiwa matokeo ni yale yale? Kwa maoni yangu itumike tarehe ya ajira ya kwanza, kwa kuwa ndiyo pekee ambayo haikutegemea upana wa idara.

Mwanzisha uzi

Ndugu yangu, malalamiko yako ni ya haki na nakubali kwamba nililipita. Tuchukue mfano ili tuone kwa nini tarehe peke yake, iwe yangu au yako, haitoshi.

Tuseme idara kubwa ina maofisa waandamizi 300 na hupandisha mtu baada ya miaka 4. Idara ndogo inao 60 na mtu hungoja miaka 9. Watu wawili wameajiriwa mwaka 2008, mmoja kila upande. Wa kwanza alipandishwa 2012, wa pili 2017. Tukitumia tarehe ya cheo cha sasa, wote wa idara kubwa waliopandishwa kuanzia 2012 hadi 2016 watamtangulia yule wa pili, na huo ndio msiba wako. Tukitumia tarehe ya ajira ya kwanza, mtu wa idara kubwa aliyeajiriwa 2009 na kupandishwa 2013, ambaye kwa miaka minne amekuwa akifanya kazi za ofisa mwandamizi kabla wewe hujakuwa ofisa mwandamizi, atarudishwa nyuma yako. Naye atakuja hapa kuandika kama ulivyoandika, na atakuwa na haki kama wewe. Ubaya wa tarehe ni kwamba inabeba ndani yake upana au ufinyu wa idara ya zamani, na baada ya muungano ufinyu huo unaonekana kana kwamba ulikuwa upungufu wa mtu.

Ipo njia ya tatu, na kwa hali kama yako naiona kuwa bora. Ni ya uwiano. Kwa kuwa waandamizi ni 300 kwa 60, yaani watano kwa mmoja, tange ya pamoja huanza na watano wa kwanza wa idara kubwa, kisha wa kwanza wa idara ndogo, kisha watano wengine, kisha wa pili wa idara ndogo, na kuendelea, bila kuvuruga mpangilio wa ndani wa kila upande. Wewe uliyekuwa wa 3 kati ya 60 unakuwa wa 18 kati ya 360. Piga hesabu mwenyewe: kabla ya muungano ulikuwa katika asilimia 5 ya juu, na baada yake umebaki pale pale.

Wenzetu wa mashirika ya ndege nchini Marekani wamezigombania njia hizi kwa miongo mingi, kwa sababu kwa rubani na mhudumu wa ndege ukubwa kazini ndio unaoamua safari, ratiba na likizo. Kampuni ya American Airlines ilipoichukua kampuni nyingine ya ndege, TWA, mwaka 2001, wahudumu wa ndege wa TWA waliwekwa mkiani mwa orodha, nyuma ya wenzao wote, hata waliokuwa na miaka mingi angani. Uchungu huo ulichangia kupatikana kwa sheria ya mwaka 2007 inayotaka orodha za mashirika yanayoungana ziunganishwe kwa njia ya haki na usawa, na pasipokubaliana waende kwa msuluhishi. Si idara za serikali, lakini tabia ya binadamu mbele ya orodha ni ile ile.

Nisiufiche upungufu wa uwiano. Unahifadhi nafasi ya mtu kwa siku ya muungano tu. Ikiwa watu wa juu wa idara kubwa wamebakiza miaka miwili wastaafu na wa idara ndogo ni vijana, basi baada ya miaka michache kilele chote kitakuwa cha idara ndogo, na wale wa kubwa watasema wamemezwa. Ndiyo maana naona kamati isikubali uwiano kabla ya kuweka mezani miaka ya kustaafu ya kila upande. Kamati yetu haikufanya hivyo. Tulikuwa na umri wa kila mtu kwenye majalada, na hatukuutazama.

Afisa Utumishi

Nimesoma kwa makini, na ninaomba niseme upande ambao hausemwi. Mimi ndiye ninayeandaa tange hizi. Waheshimiwa, idara mpya inapoanza haina mwaka mmoja wa kukaa na vigezo vinne, uwiano na miaka ya kustaafu. Kuna mishahara ya kulipwa mwisho wa mwezi, ikama mpya, yaani idadi ya nafasi zilizoidhinishwa, ya kujazwa, na wakuu wanaotaka majina ya wakuu wa vitengo mapema iwezekanavyo.

Pili, tusiwape watu matumaini yasiyo na msingi wa kisheria. Mtumishi ana haki ya kufikiriwa kwa ajili ya kupandishwa cheo pale anapokuwa na sifa. Hana haki ya kuwa na nafasi nzuri ya kupandishwa kuliko mwingine. Hao wahindi mnaowataja, mahakama yao ilisema wazi mwaka 1981, katika shauri lililotokana na muungano huo huo wa majimbo, kwamba kupungua kwa matarajio ya kupanda cheo si mabadiliko ya masharti ya utumishi. Mtu kutoka nafasi ya tatu hadi ya tisini hakupoteza mshahara, cheo wala pensheni. Tukimlinda kwa mshahara binafsi pale daraja lake jipya linapokuwa chini ya alicholipwa, tumetimiza wajibu wetu.

Tatu, mnataka watu wabaki wakijitambulisha kwa idara zao za zamani mpaka lini?

Mwanzisha uzi

Afisa, nashukuru kwa kuja, kwa kuwa bila sauti yako mjadala huu ungekuwa wa upande mmoja. Nikianza na sheria, uko sahihi, na aliyesoma hapa alichukue hilo kwa uzito kabla hajalipa wakili. Kilichopotea kikiwa ni matarajio tu, mahakama nyingi hazitakisikiliza. Lakini msingi huo huo unaouegemea una upande wake wa pili. Sheria ile ya 1956 ilikataza masharti ya utumishi ya mtu kabla ya muungano kubadilishwa kwa hasara yake bila idhini ya awali ya serikali kuu. Na haki ya kufikiriwa, ambayo umeikubali mwenyewe, huwa ya karatasi tu ikiwa tange imekosewa, maana kamati ya kupandisha vyeo huitwa kuangalia majina ishirini ya juu, na wa tisini hafikiriwi hata akiwa na sifa zote.

Kuhusu haraka, natofautiana nawe kabisa. Sikuombi mwaka mmoja. Naomba tange ya muda ibandikwe ikiwa na neno "rasimu" juu yake, mbele ya kila jina ziwepo tarehe zilizotumika na cheo cha zamani, na watu wapewe siku za kutosha kuleta pingamizi na vielelezo. Wakuu wa vitengo wanaotakiwa mapema wanaweza kukaimu, na barua zao ziseme waziwazi kwamba kukaimu huko hakutahesabiwa popote. Muda unaookolewa kwa kuruka hatua hii hulipwa baadaye kwa miaka ya mashauri ambayo ndani yake hakuna anayepandishwa.

Swali lako la tatu ndilo zito. Katika shauri la mwaka 1967, Mahakama ya Juu ya India ilisema kwamba watu walioingia katika kada moja kutoka vyanzo tofauti, wakishaunganishwa, huwa kundi moja, na hawawezi kubaguliwa tena kwa kuangalia walikotoka pale wanapofikiriwa kwa nafasi za mbele. Naikubali kanuni hiyo kwa moyo wote. Japani walienda njia nyingine. Tarehe 6 Januari 2001 walipunguza wizara na vyombo vyao vikuu kutoka 22 hadi 12, mbali na ofisi ya waziri mkuu, na Wizara ya Ujenzi ikaunganishwa na ya Uchukuzi pamoja na vyombo vingine. Kwa miaka mingi imekuwa kawaida katika wizara hiyo mpya nafasi ya juu kabisa ya kiutumishi kupokezanwa kati ya waliotoka ujenzi na waliotoka uchukuzi. Utulivu unapatikana, lakini hatari yake ni kwamba hata kijana anayeingia leo, ambaye hakuwahi kufanya kazi katika wizara hizo za zamani, anaweza kuhesabiwa kuwa wa upande mmoja au mwingine. Mimi ningekubali uzio wa muda, kwamba kwa miaka mitatu au minne nafasi fulani za juu zigawanywe kwa uwiano, mradi tarehe ya kuuondoa iandikwe siku ile ile unapowekwa. Atakayeajiriwa baada ya muungano asiguswe na uzio huo hata kidogo. Yeye ni wa idara mpya tu.

Msomaji wa Uzi

Naomba msaada wenu, kwa kuwa hali yangu hamjaigusa. Miaka miwili kabla ya muungano niliomba mwenyewe kuhamia idara nyingine kwa sababu za kifamilia. Idara niliyoihama na niliyohamia sasa zimeunganishwa. Katika rasimu ya tange nimewekwa kana kwamba nimeanza kazi miaka miwili iliyopita, na miaka yangu kumi na mmoja ya idara ya kwanza haipo. Muda wa pingamizi ni siku ishirini na moja na zimebaki tisa. Wenzangu wananiambia nisubiri tange ya mwisho itoke ndipo nilalamike.

Mwanzisha uzi

Usisubiri hata siku moja. Katika mambo ya ukubwa kazini kukawia kunaua haki hata iliyo wazi, kwa kuwa watu waliowekwa mbele yako watapandishwa, watapanga maisha yao kwa vyeo hivyo, na kila mwezi unaopita unafanya kuwarudisha nyuma kuwe kuwaonea. Mahakama ya Juu ya India iliwahi kusema mwaka 1975 kwamba anayelalamikia kupitwa katika kupandishwa cheo afike mahakamani ndani ya miezi sita, au usizidi mwaka mmoja. Kwingine muda ni mfupi zaidi, na wewe umeshapewa wako: siku tisa.

Kuhusu hoja yenyewe, nitakuwa mkweli. Utumishi wa nchi nyingi hutofautisha aliyehamishwa kwa manufaa ya umma, ambaye huhama na ukubwa wake, na aliyehama kwa ombi lake, ambaye mara nyingi hukubali kuanza mkiani mwa tange ya anakohamia. Kwa hiyo kila kitu kinategemea barua yako ya uhamisho. Itafute leo. Ikiwa ina sentensi inayosema kwamba umekubali kupoteza ukubwa wa zamani, na saini yako ipo chini yake, pingamizi lako litakuwa gumu. Hata hivyo unaweza kueleza kwamba sharti lile liliwekwa ili kuwalinda watumishi wa idara uliyohamia dhidi ya mtu wa nje, na kwamba baada ya muungano idara zote mbili zimekuwa moja na wale uliowaacha nyuma wamerudi mbele yako kwa miaka yao yote kamili. Sijui kamati yako itaipokeaje, lakini ni hoja ya kweli na inastahili kujibiwa kwa maandishi. Ikiwa barua haina sentensi hiyo, basi umeshika kitu kikubwa. Mwaka 1999 mahakama hiyo hiyo, katika shauri la maofisa wa polisi walioazimwa kutoka kikosi kingine kisha wakapokelewa moja kwa moja, ilikubali kwamba miaka waliyotumikia katika cheo kinacholingana kule walikotoka ihesabiwe. Wao waliazimwa na wewe uliomba, kwa hiyo usiutegemee uamuzi huo kama nguzo pekee.

Pingamizi liandike kwa ukurasa mmoja na nusu, si zaidi. Taja namba yako kwenye rasimu na namba unayodai. Taja kwa majina wale ambao utawapita ukikubaliwa, hata kama ni marafiki zako, kwa sababu wana haki ya kusikilizwa, na mara nyingi uamuzi unaowaathiri watu wasioitwa hutenguliwa. Ambatisha barua ya uteuzi wa kwanza, ya kuripoti, ya cheo cha sasa, ya uhamisho, na hati ya malipo ya mwezi wa mwisho katika idara ya kwanza na ya mwezi wa kwanza katika idara ya pili, ili ionekane kwamba utumishi wako haukukatika hata siku moja. Usitume kwa mkono wa mwenzako. Ipeleke masijala mwenyewe, na nakala yako igongwe mhuri wa kupokelewa wenye tarehe ukiwa umesimama pale pale. Halafu fungua jalada lako la kazi, kama kanuni zenu zinaruhusu, utazame ukurasa wa mbele pamejazwa tarehe gani na kwa wino wa nani.